Wema Usioishia Kwenye Sarafu: Wanamuziki Vijana wa Barabarani Mjini Voi

Mji unaoishi kwa wapita njia huwavuta pia wanaowaimbia wapita njia. Voi, katika Kaunti ya Taita Taveta nchini Kenya, umekuwa mji wa namna hiyo tangu reli ilipopita hapo kuelekea bara mwishoni mwa karne ya 19. Hapo barabara kuu ya Mombasa na Nairobi hukutana na ile inayoelekea Mwatate hadi Taveta na mpaka wa Tanzania. Hapo ndipo lango la hifadhi ya Tsavo Mashariki lilipo, na hapo treni ya reli ya kisasa (SGR) inayosimama njiani hushusha na kupakia abiria. Katika mkusanyiko huo wa watu wenye haraka, kijana mwenye gitaa, kinanda cha betri au sauti yake tupu huona soko ambalo hawezi kulipata kijijini kwao Kasigau au Sagalla. Swali la makala haya ni jinsi tunavyomchukulia kijana huyo. Wengi wetu humwona ama kero ama mtu wa kuhurumiwa, tukamtupia shilingi ishirini na kuendelea na safari. Hoja yangu ni kwamba wema haujapungua Taita Taveta, ila hauna pa kukaa. Hutolewa kwa mkono mmoja asubuhi, ukaliwa mchana, na jioni hakuna kilichobaki isipokuwa njaa ya kesho. Muziki wa barabarani ukitambuliwa kuwa kazi, wenye mahali pake, saa zake na haki zake, shilingi ileile inayotolewa leo itaanza kumjenga anayeipokea. Usipotambuliwa, hata ukarimu wetu mkubwa utaendelea kumweka palepale alipo.

Kwanza tuelewane ni nani tunayemzungumzia, kwa kuwa mjadala huu huharibika pale watu tofauti wanapotiwa kapu moja. Katika miji ya Kenya iliyo kando ya barabara kuu, wanaoimba hadharani kwa kutegemea fungu la wasikilizaji ni wa makundi matatu. Kuna watoto walio chini ya miaka 18, wengine wakiimba peke yao, wengine wakimwongoza mzazi au ndugu asiyeona. Kuna vijana waliomaliza shule ya msingi au sekondari, wenye kipaji na kiu ya kusikika, ambao hawana studio wala ukumbi, na barabara ndiyo jukwaa pekee lisilodai kodi ya mlango. Kisha kuna watu wenye ulemavu, hasa waimbaji wa nyimbo za injili, ambao spika iliyofungwa kwenye mkokoteni na nambari ya M-Pesa iliyoandikwa kwenye kadibodi ndiyo duka lao. Shida za makundi haya zinafanana, lakini dawa yake si moja. Mtoto anastahili kuondolewa kwenye kazi hiyo na kurudishwa darasani. Kijana na mtu mzima wanastahili kuachwa waifanye kazi yao kwa heshima. Anayeshindwa kuwatenganisha atamfukuza mwenye haki ya kuwepo au atamzoesha mtoto barabara ambayo hakupaswa kuijua.

Ugumu wanaokutana nao hautokani na muziki peke yake. Unaanzia kwenye ardhi yenyewe. Takriban asilimia 62 ya eneo la kaunti hii imo ndani ya hifadhi za Tsavo, zilizotengwa mwaka 1948, na sehemu kubwa ya ardhi tambarare iliyobaki imo mikononi mwa mashamba ya mkonge na ranchi. Sensa ya mwaka 2019 ilihesabu watu 340,671 katika kaunti, na wengi wao wanalima vipande vidogo kwenye milima ya Dawida, Sagalla na Kasigau au pembezoni mwa hifadhi, ambako ndovu humaliza kwa usiku mmoja jasho la msimu mzima. Mvua zilipokosekana misimu mitano mfululizo kuanzia mwishoni mwa 2020 hadi 2022, familia nyingi za nyanda kame za Kenya ziliishiwa chakula na karo. Kwa kijana wa nyanda za chini za Taita, Voi ndio mji wa karibu wa kujaribia bahati, kwa boda boda, kwa uchuuzi, kwa kuchimba vito, au kwa wimbo. Lakini mji nao ulikuwa umepata pigo lake. SGR ilipoanza mwaka 2017, na baadaye makontena yakalazimishwa kupita relini, malori yalipungua barabarani na biashara za miji ya njiani zikadorora, hadi agizo hilo lilipoondolewa Septemba 2022. Madereva, makanga na abiria ni wateja wa mama wa chai na ni wasikilizaji wa mwimbaji pia. Wakipungua, wote wawili hulala njaa. Ndiyo sababu haifai kumwambia kijana huyu kwamba ni mvivu. Yuko kwenye foleni ileile ya riziki na jirani zake, ila yeye anauza kitu ambacho mnunuzi anaweza kukichukua bila kulipa.

Juu ya umaskini huo wa jumla kuna adha za kazi yenyewe. Gitaa likikatika waya, kazi imesimama. Betri ya spika ikiisha mchana, sauti ya mtu haishindani na honi za matatu. Jua la Voi si la mzaha, na mwimbaji hana kibanda. Juu ya yote hayo kuna sheria. Kanuni ya Adhabu, iliyoanza kutumika Kenya mwaka 1930 chini ya ukoloni, iliwaweka katika kundi la wazururaji na wavunja utulivu watu wanaokusanya sadaka mahali pa umma. Sheria ya namna hiyo humpa askari uwezo wa kumkamata mtu kwa jinsi alivyo kuliko kwa alichotenda, na kijana asiye na kitambulisho wala risiti ndiye wa kwanza kuangukiwa nayo. Desemba 4, 2020, Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu iliyoko Arusha ilitoa maoni ya kisheria kwamba sheria za uzururaji za aina hiyo zinakwenda kinyume cha Mkataba wa Afrika wa haki za binadamu, kwa kuwa zinawabagua maskini na kuwavua utu. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 ilikuwa imetangulia. Kifungu cha 33 kinataja uhuru wa ubunifu wa kisanaa ndani ya uhuru wa kujieleza, na kifungu cha 11 kinaitaka dola iendeleze utamaduni kupitia sanaa. Basi mwimbaji wa barabarani hasimami hapo kwa kuvumiliwa tu. Anasimama juu ya haki iliyoandikwa, ingawa hakuna aliyempa karatasi ya kuionyesha.

Tukigeukia upande wa wema, tusiudharau. Mji wa njiani una namna zake za kuwatunza wageni: mwenye duka anayemruhusu kijana achomeke spika ukutani, mama wa kibandani anayempa chai na chapati kwa deni lisilodaiwa, dereva anayembeba bure hadi Mwatate, kwaya inayomwazima kinanda cha kanisa siku ambazo hakuna ibada. Mambo haya hayakuzuka jana. Kwenye ngoma, harusi na taarab za pwani, kumtuza mwimbaji kwa noti mbele ya watu ni sehemu ya sherehe yenyewe, na mtoaji hupata heshima kama mpokeaji. Wadawida, yaani Wataita, nao wana mwazindika, ngoma ambayo mpigaji na mchezaji wanategemeana na jamii nzima inashiriki. Pwani husema kutoa ni moyo, usambe ni utajiri, na ushahidi wa methali hiyo ni kwamba wanaotoa mara nyingi kwenye steji ya magari ni wachuuzi na abiria ambao wenyewe hawana cha ziada. Kasoro ya wema huu iko mahali pamoja tu. Kwenye harusi mpigaji alialikwa, anajulikana kwa jina, na kesho ataitwa tena. Barabarani mtoaji na mpokeaji hawajuani, na tendo likishakwisha halina kesho. Kwa hiyo kijana anaweza kupewa na mamia ya watu mwaka mzima na bado asiwe na gitaa lake mwenyewe.

Historia ya muziki wa Afrika Mashariki na Kati inaonyesha kinachowezekana pale mtu mmoja anapokwenda mbali kidogo kuliko kutoa sarafu. Mwaka 1952 mtafiti wa muziki Hugh Tracey alimsikia kijana wa Katanga, Mwenda Jean Bosco, akipiga gitaa barabarani mjini Jadotville, ambao leo ni Likasi. Alimrekodi, na kipande chake kiitwacho Masanga kikasambaa. Miaka michache baadaye Mwenda alifika Nairobi, na mtindo wake wa kucharaza kwa vidole ukawa darasa kwa wapigaji wa Kenya. Tracey hakumpa kijana huyo kipaji, maana alikuwa nacho tayari. Alichompa ni kumbukumbu iliyodumu kuliko siku ile barabarani. Taita nayo ina mwanawe katika kizazi hicho, Fadhili William Mdawida, aliyeurekodi Malaika mwanzoni mwa miaka ya 1960, wimbo wa kijana anayekwamishwa na ukosefu wa mahari. Miriam Makeba na wengine wengi wakaufikisha duniani kote. Hadi Fadhili alipofariki mwaka 2001, umiliki wa wimbo huo ulikuwa bado unabishaniwa, kwani wapo wanaomtaja Adam Salim wa Tanzania kuwa ndiye mtunzi. Sitaki kuamua kesi hiyo hapa. Ninachosisitiza ni kwamba wimbo maarufu kuliko nyimbo zote za eneo letu ulipendwa na dunia nzima, na mapenzi hayo hayakutosha kufafanua nani alipwe nini. Kupendwa hakutoshi kumlinda mwanamuziki. Anahitaji maandishi pia.

Mfano wa karibu zaidi na watoto wa barabarani unatoka Kinshasa. Staff Benda Bilili lilikuwa kundi la wanamuziki ambao wengi wao waliugua polio, wakitembea kwa baiskeli za magurudumu matatu walizoziunda wenyewe na kufanya mazoezi kwenye bustani ya wanyama ya mji. Walimpokea kijana wa mtaani, Roger Landu, aliyekuwa akipiga satonge, chombo cha waya mmoja alichokitengeneza kwa mkebe. Wazee hao wasio na nyumba bora ndio waliomfundisha na kumwekea nafasi kwenye kundi. Mwaka 2009 albamu yao Très Très Fort ikatoka, na mwaka uliofuata filamu juu yao ikaonyeshwa kwenye tamasha la Cannes. Hadi hapo hadithi ni ya kushangilia, lakini haina budi kusomwa hadi mwisho. Mwaka 2013 kundi lilivunjika katikati ya mabishano juu ya usimamizi. Naona mafunzo mawili hapo. La kwanza, msaada uliomfaa kijana kuliko wote ulitoka kwa maskini wenzake waliokuwa na ujuzi, kwa sababu walimpa mahali pa kurudi kila siku. La pili, sifa kubwa ikiingia juu ya mpango dhaifu huuvunja. Yeyote anayetamani kumwokoa mwimbaji wa Voi kwa kumrekodi kwa simu na kumfanya maarufu kwa wiki moja afikirie mfano huo kwanza.

Nchini Kenya yapo majaribio yaliyochukua njia ya polepole, na matokeo yake yanasema mengi. Mwaka 1994 mwigizaji Anne Wanjugu alianzisha Shangilia Mtoto wa Afrika jijini Nairobi, makao ambako watoto waliotoka barabarani walipata malazi na shule pamoja na muziki, sarakasi na maigizo. Mwaka 2008 mradi wa Ghetto Classics ulianza Korogocho, ukiwafundisha watoto wa mtaa huo ala za okestra, na baadaye ukafika Mombasa. Miradi hii miwili inatofautiana kwa mtindo, lakini yote ilikataa kutenga sanaa na maisha ya mtoto. Ala ilikwenda sambamba na mwalimu, mwalimu na ratiba, ratiba na chakula au karo. Na yote ilidumu kupita msisimko wa mwanzo. Hapa ndipo penye pengo la Taita Taveta. Mji wa Voi uko kati ya Mombasa na Nairobi, majiji mawili ambayo katika hesabu ya kitaifa ya mwaka 2018 yalikuwa na sehemu kubwa ya watu 46,639 waliokutwa wakiishi barabarani nchini. Mtoto anayeanza kuzoea steji ya Voi yuko umbali wa nauli moja tu kutoka majiji hayo. Mradi mdogo wa muziki na shule mjini hapa ungemfikia kabla hajapanda basi hilo, wakati bado kuna shangazi, mwalimu au mchungaji anayemjua kwa jina la ukoo wake.

Pingamizi zito kuliko yote husema hivi: ukimpa mtoto pesa barabarani, unamfunga hapohapo, na huenda unamlipa mtu mzima aliyejificha nyuma yake. Pingamizi hili lina historia ya kweli. Katika karne ya 19 watoto kutoka vijiji maskini vya Italia walikodishwa kwa mabwana waliowapeleka Paris, London na New York wakapige kinubi na fidla mitaani, na kila jioni mapato yakaishia mfukoni mwa bwana. Hali ilichukiza hadi Italia ikatunga sheria ya kuipiga marufuku mwaka 1873, na miaka 5 baadaye Mfaransa Hector Malot akachapisha riwaya mashuhuri ya mtoto aliyeuzwa kwa mwanamuziki wa kutangatanga. Wala jambo hilo halijabaki kwa wazee wa kale: mwaka 2022 uchunguzi wa BBC ulionyesha watoto wenye ulemavu waliovushwa kutoka Tanzania na kulazimishwa kuombaomba Nairobi. Kwa hiyo nakubali sehemu kubwa ya pingamizi hili. Kifungu cha 53 cha Katiba kinampa kila mtoto elimu ya msingi ya bure na ya lazima na ulinzi dhidi ya kazi zenye madhara, na Sheria ya Watoto ya mwaka 2022 imeliweka wazi jukumu la kuwalinda watoto wa barabarani. Mtoto anayeimba saa za shule hahitaji hadhira. Anahitaji mtu wa kuuliza ni wa nani, anasoma wapi, na afisa wa watoto anajua nini juu yake. Ila pingamizi hili huvuka mpaka linapotumiwa dhidi ya kijana wa miaka 20. Huyo hana bwana. Kumnyima malipo kwa kisingizio cha kumlinda ni kumwadhibu mfanyakazi kwa makosa ya mnyonyaji wa mwingine.

Pingamizi la pili ni kelele. Mwenye duka la dawa anayeshindwa kumsikia mgonjwa wake ana haki ya kulalamika, na kanuni za mazingira za mwaka 2009 zinaweka mipaka ya sauti katika maeneo ya umma. Lakini hili ni suala la mpangilio, na miji mingine imelitatua bila kuwafukuza wanamuziki. Paris iliwapanga wanamuziki wa treni zake za chini ya ardhi kuanzia mwaka 1997 kwa kuwasikiliza katika mchujo na kuwapa vibali takriban 300 kwa msimu. London ilifuata mwaka 2003 kwa kuchora sehemu maalumu sakafuni mwa vituo na kuwagawia wanamuziki kwa zamu. Voi hauhitaji ukubwa wa majiji hayo ili kuiga wazo. Kinachotakiwa ni sehemu chache zilizochaguliwa pamoja na wachuuzi na wakazi, mbali na hospitali, shule na misikiti na makanisa saa za ibada, zenye kivuli na zamu zinazojulikana. Taveta, yenye soko linalofurika watu siku za Jumatano na Jumamosi, ingeweza kutenga nafasi kwa siku hizo mbili. Mwenye kero angejua pa kupeleka lalamiko, na mwimbaji angejua kwamba akifuata saa zake hakuna askari atakayemwondoa.

Wengine watauliza kwa haki kabisa: kaunti yenye uhaba wa maji, barabara mbovu na vita na ndovu inaanzaje kufikiria waimba barabarani? Jibu langu lina sehemu mbili. Kwanza, Jedwali la Nne la Katiba linaorodhesha shughuli za utamaduni na burudani za umma miongoni mwa kazi za kaunti, pamoja na udhibiti wa kelele. Kaunti haiombwi hisani hapa. Inakumbushwa wajibu ambao tayari ni wake. Pili, ninachopendekeza hakidai jengo wala zabuni. Kupaka rangi nafasi, kuweka soketi ya umeme na paa la mabati, na kumpa afisa wa utamaduni aliyepo tayari kazi ya kupanga zamu ni gharama ndogo kando ya matumizi mengine ya mji. Upande wa elimu nao umekwisha kufunguka. Mfumo mpya wa masomo umeweka mkondo wa sanaa na sayansi ya michezo katika sekondari ya juu, na wanafunzi wa kwanza wa gredi ya 10 wameingia mwaka 2026. Mkondo huo utabaki jina tu iwapo shule za Wundanyi, Mwatate, Voi na Taveta hazitakuwa na ala wala mwalimu. Mpigaji aliyejifunza barabarani anaweza kuwa msaidizi wa mwalimu huyo, na shule ikawa miongoni mwa waajiri wake.

Pingamizi ninaloliogopa zaidi linatoka kwa wanamuziki wenyewe. Wanaouliza wana kila sababu: tukisajiliwa, si ndiyo mwanzo wa kutozwa ada, kuombwa kitu kidogo na kunyimwa nafasi kwa kukosa mtu ndani? Kila mchuuzi wa Kenya anaijua hofu hiyo, na mpango usioijibu haufai kuanzishwa. Kwa hiyo kitambulisho cha mwanamuziki kiwe cha bure, na zamu zipangwe na chama cha wanamuziki wenyewe, afisa wa kaunti akiwa shahidi na si mlango. Orodha ibandikwe hadharani ili kila mtu aone nani yuko wapi. Chama hichohicho kinaweza kuweka akiba ya kila wiki, kwa utaratibu ambao akina mama wa soko wanaujua vizuri, ili ala ikiharibika itengenezwe bila kukopa kwa riba. Na kinaweza kufanya kazi ambayo kijana mmoja hawezi: kuwasajili wanachama wenye nyimbo zao kwenye vyama vya hakimiliki na kuwaelezea haki zao. Mabadiliko ya Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2022, kwa mfano, yaliweka kwamba mwenye kazi apate angalau asilimia 52 ya mapato ya miito ya simu. Asilimia hiyo ni maneno matupu kwa kijana ambaye wimbo wake haujaandikwa popote kuwa ni wake.

Raia asingoje kaunti ndipo aanze. Tangu M-Pesa ilipokuja mwaka 2007 imekuwa rahisi kumlipa mtu kwa jina lake na kubaki na nambari yake. Aliyeguswa na wimbo steji anaweza kumpigia mwimbaji simu mwezi ujao kukiwa na harusi, mahafali au mkutano wa chama, na kumlipa kiasi walichokubaliana. Hoteli na kambi za kando ya Tsavo, zinazoleta burudani kutoka mbali kwa ajili ya wageni wao, zina wapigaji umbali wa safari fupi ya matatu. Redio za hapa kama Mwanedu FM zinaweza kutenga saa moja kwa wiki kwa wanaoimba hadharani, wakitajwa majina yao na ya vijiji vyao. Kanisa lenye kinanda kinachofungiwa stoo siku 6 kwa wiki lina darasa tayari. Wasimamizi wa stesheni wanaweza kuruhusu mwimbaji mmoja eneo la kusubiria treni. Hakuna hata moja kati ya mambo haya linalohitaji moyo mpana kuliko ule ambao watu wa Voi wamekwisha kuonyesha kwa kugawana chai yao. Yanahitaji tu kwamba tendo la leo limjue mtu na limfuate hadi kesho.

Tukikubali hoja hii, tutakuwa pia na kipimo cha kujua kama wema wetu unafanya kazi. Idadi ya sarafu kwenye kofia haituambii chochote, wala idadi ya waliotazama video ya kijana kwenye simu. Tuulize baada ya mwaka mmoja: watoto wangapi waliokuwa wakiimba steji saa za masomo wamerudi shuleni na wamebaki huko? Vijana wangapi wanamiliki ala wanazozipiga? Ni wangapi waliowahi kusaini mkataba waliousoma na kuuelewa? Na mwimbaji akiugua wiki mbili, kuna akiba itakayomvusha, au ataimba na homa yake? Haya ni maswali ambayo kaunti, makanisa, shule na vyama vya wanamuziki wanaweza kuyajibu kwa kuhesabu watu wanaowajua kwa majina. Majibu yakianza kuwa mazuri, hatutalazimika tena kuchagua kati ya kumhurumia mwanamuziki wa barabarani na kumfukuza, kwa kuwa tutakuwa tumempa anachokidai kwa haki: malipo ya kazi aliyoifanya, na uhakika kwamba kesho ataikuta nafasi yake.